Miaka Kumi na Miwili ya Ami Yangu

Ndugu msomaji, kabla hujaniuliza mimi na sheria wapi na wapi, nakujibu mwenyewe: hatuna ujamaa. Nimemaliza Kidato cha Nne, cheti changu kimo katika mkoba wa mama pamoja na kadi za kliniki, na kazi ninayoitaka duniani ni kuandika riwaya. Sasa riwaya yangu ya kwanza imekwama sura ya tatu. Imekwama kwa sababu mhusika wangu mkuu, bikizee mmoja wa Bwejuu, ana kiambo chenye minazi kumi na saba karibu na pwani, na mimi mtungaji sijui kama kiambo hicho ni chake.

Huyo bikizee sikumbuni. Nimemwiba mzimamzima, ni bibi yangu mzaa baba. Na minazi ni kumi na saba kweli, nimeihesabu.

Kisa chenyewe kilianza siku walipokuja vijana watatu na chombo chao cha kupimia chenye miguu mitatu. Hawakupiga hodi. Walipima, wakaandika, wakachimbia bikoni ya saruji baina ya mnazi wa nne na wa tano, wakaondoka. Nani aliyewatuma sitamtaja hapa. Jioni ami yangu akaja barazani, naye ni mtu aliyewahi kuokota buku la sheria lisilo jalada na tangu hapo hashikiki. Akasema:

"Bi mkubwa, usitie wasiwasi. Sheria iko wazi. Mtu akikaa mahali miaka kumi na miwili bila ya kubughudhiwa, pashakuwa pake. Na sisi tumekaa tangu enzi za Mwinyi Mkuu. Waache wachimbie."

Bibi alikuwa anasokota kamba. Hakuinua hata kichwa.

"Kukaa tu? Basi hata kaa wa pwani ana chake, maana naye anakaa."

Watu walicheka, mimi nikalala na swali. Je, ami anasema kweli? Ndiyo nikaanza kwenda Nyaraka pale Kilimani, na kuazima mabuku kwa watu, mengine yameandikwa Kiingereza ambacho nadhani hata Mwingereza mwenyewe akikiona ataomba maji. Haya ndiyo niliyorudi nayo.

Ami anasema nusu ya kweli. Sheria hiyo ipo, tena ni ya kale mno. Warumi walikuwa nayo zaidi ya miaka elfu mbili iliyopita. Kwao ukishika ardhi miaka miwili tu kwa masharti fulani, inakuwa yako. Waingereza wakaifanya miaka 20 kwa sheria ya 1833, halafu wakaipunguza hadi 12 kwa sheria ya 1874. Hoja yao haikuwa huruma kwa mvamizi. Walisema mwenye mali aliyelala asije kuamka baada ya umri wa mtu mzima kupita, mashahidi wamekufa na karatasi zimeliwa na mchwa, akaanza kusumbua watu mahakamani. Kwa hiyo sheria haisemi kwamba mkaaji amepata haki. Inasema kwamba mwenye haki amechelewa kudai. Sheria za namna hii huitwa sheria za ukomo wa muda, na jina linajieleza.

Sasa hiyo 12 ilikuwamo India pia, imekaa katika Sheria ya Ukomo ya 1908. Na sisi Zanzibar, baada ya kuwekwa chini ya himaya ya Uingereza mwaka 1890, sheria zetu nyingi tulikatiwa nguo kwa kipimo cha India. Amri ya Ukomo ya Zanzibar, Sura ya 12 katika sheria zetu za zamani, ni mtoto wa nasaba hiyo. Naye akarithi miaka 12 kwa mtu anayemdai mwenzake ardhi. Mpaka hapa ami anastahili chai.

Lakini ipo sehemu ya pili ya buku, na nadhani ndiyo iliyong'oka pamoja na jalada. Si kila ukaaji unaohesabiwa. Lazima uwe umekaa bila ya kutumia nguvu, bila ya kujificha, na bila ya ruhusa ya mwenyewe. Hili la tatu lisome mara mbili. Bila ya ruhusa! Ukiwa umeomba ukapewa, hata ukae miaka mia, wewe ni mgeni tu uliyekaa sana. Mwaka 2018 Mahakama ya Rufani ya Tanzania, katika kesi iliyotoka Kilimanjaro baina ya shirika la masista na wakaazi zaidi ya mia, iliyataja masharti haya moja baada ya jingine: mwenye mali awe ameitupa, mkaaji awe hana haki nyingine yoyote ya kuwepo pale isipokuwa kule kuingia kwake na kukaa, afanye mambo yake waziwazi, awe na nia ya kujimilikisha, na miaka 12 ipite bila ya kukatizwa.

Nilipofika hapo nilifunga daftari nikatoka nje kununua maji ya muwa. Maana nimezaliwa mjini, Ng'ambo, na nilikumbuka hadithi tunayosimuliwa ya mwaka 1928, wakati watu wa Ng'ambo walipogoma kulipa kodi ya viwanja. Nyumba zilikuwa zao, wamezijenga kwa udongo, boriti na makuti yao wenyewe, lakini ardhi chini ya nyumba ilikuwa na wenyewe, na kodi ilikuwa inapanda. Mgomo ukawa mkubwa, wanawake wakiwa mbele, mpaka Serikali ikatoa amri ya kuzuia kodi zisipandishwe ovyo. Sasa mtizame mtu wa Ng'ambo kwa jicho la sheria ya ukomo. Amekaa miaka 20, lakini kila mwezi ametoa kodi, na kila alipotoa amekiri kwamba ardhi ni ya mwengine. Saa yake hairudi nyuma wala haiendi mbele, imesimama. Hali kadhalika wale waliolima mihogo chini ya mikarafuu ya matajiri kwa ruhusa ya wenye mashamba, nao badala ya kodi wakipalilia. Zilipofika zama za siasa, baada ya uchaguzi wa 1957, wengi walitimuliwa kwa sababu tu ya chama walichokipenda. Walikuwa wamekaa kwa hisani, na hisani ikaisha.

Na Bwejuu? Huku kwetu mambo ni mengine kabisa, na hapa naomba uvumilie kidogo maana ndipo penye utamu.

Seyyid Said alipohamia Unguja na kuanza mikarafuu, ardhi nzuri yenye udongo mzito ya magharibi na kati ilichukuliwa kwa mashamba. Wahadimu wakabaki na upande wa mashariki na kusini: Chwaka, Bwejuu, Paje, Jambiani, Makunduchi. Ni ardhi ya mawe, maweni, udongo umejificha katika mashimo ya mawe kama unga katika pembe za mtungi. Mwinyi Mkuu aliyekaa Dunga aliendelea kutambuliwa kama mkubwa wao mpaka wa mwisho alipofariki mwaka 1873. Kila mji ulikuwa na wazee wake, walioitwa watu wanne, na alikuwapo mvyale, yule anayejua mizimu ya mahali. Mtu wa mji akitaka kufyeka msitu alikwenda kwao. Mgeni akitaka, aliomba, na alipewa kulima lakini hakupewa kupanda minazi. Unaona werevu huo? Mihogo unavuna ukaondoka. Mnazi unakaa umri wa mtu mzima, na aliyeupanda ni wake yeye na watoto wake. Kwa hiyo kumruhusu mtu kupanda mnazi ilikuwa kama kumpa uraia. Mti una mwenyewe, ardhi iliyo chini yake ni ya mji. Bwana mmoja Mwingereza, Pakenham, aliyaandika mambo ya namna hii kwa upande wa Chwaka katika kitabu kilichotoka 1947, na John Middleton akaandika ya visiwa vyote mwaka 1961. Wote wawili, nikiwasoma, nawaona wanakuna vichwa: hawa watu wana ardhi au hawana?

Wanayo, lakini si kwa kipimo cha kukaa. Maweni hayalimwi mwaka hadi mwaka. Unafyeka, unachoma, unapanda mtama, kunde, mbaazi, mihogo, baada ya misimu michache unaliacha shamba lilale miaka mingi mpaka msitu urudi. Aliyefyeka mara ya kwanza anajulikana. Ukuta wake wa mawe wa kuzuia nguruwe mwitu bado upo umeota magugu. Shamba limelala, halijafa.

Neno hili "kufa" silitumii kwa mapambo. Katika fiqhi kuna mlango mzima wa kuhuisha ardhi iliyokufa. Mwenye kuihuisha ardhi isiyo na mwenyewe, kwa kuilima au kuijenga, inakuwa yake. Wanazuoni wamekhitalifiana: Imamu Abu Hanifa anataka kwanza ruhusa ya mtawala, Imamu Shafi hataki, na sisi watu wa pwani wengi wetu ni Mashafi. Tena fiqhi haikubali kwamba haki ya mtu inakufa kwa kupita miaka. Hata Waturuki walipoandika kanuni yao ya Majalla katika miaka ya 1870 wakaweka miaka 15, walisema kadhi asiisikilize kesi iliyochakaa kiasi hicho, lakini haki yenyewe mbele ya Mungu ipo pale pale. Nilipomsomea bibi hayo alisema, "Hao wamesema." Ndiyo mara ya kwanza kukubaliana na kitu nilichokitoa mkobani.

Sasa weka mambo haya mawili pamoja. Upande mmoja shamba linalolala, upande wa pili sheria inayouliza "nani anakaa hapa?" Mwaka 1921 ikatoka amri iliyofanya ardhi tupu isiyokaliwa kuwa ardhi ya umma. Hebu simama nyuma ya Bwejuu, upande wa kuelekea Ghuba ya Chwaka, ujifanye bwana shauri wa mwaka huo mwenye kofia ngumu. Utaona nini? Vichaka. Utaandika: tupu. Yule mwenye ukuta wa mawe yuko pwani anavua, hajui kama ameandikwa. Jirani zetu wa pwani ya Kenya walipatwa na jambo la namna hiyo mapema zaidi, kwa sheria ya hati za ardhi ya mwaka 1908. Kila mwenye ardhi alitakiwa ajitokeze adai, na isiyodaiwa ikawa ya Serikali. Walioijua sheria na kusoma karatasi zake walidai. Wamijikenda wengi hawakudai, wakaamka siku moja ni maskwota katika makaburi ya babu zao.

Yakaja Mapinduzi ya Januari 1964. Tarehe 8 Machi 1964 Rais Abeid Amani Karume alitangaza kwamba ardhi yote ni mali ya umma. Novemba 1965, huko Dole, ukaanza ugawaji wa eka tatu tatu, na kabla ya miaka kumi kupita zaidi ya familia 20,000 zilikuwa zimepata. Bibi hakupata eka tatu. Pwani yetu haikuwa na mashamba ya mabwana ya kukatwakatwa. Kwetu tangazo lile lilipita juu kama ndege: tulisikia mlio, na minazi ikabaki pale pale, na nazi zikaanguka kama kawaida. Nani angejua kwamba chini ya mizizi kuna kitu kimebadilika?

Kilichobadilika kiliandikwa vizuri baadaye, katika Sheria ya Matumizi ya Ardhi Namba 12 ya mwaka 1992. Inasema kwamba ardhi yote ya asili katika visiwa vya Zanzibar, inayokaliwa na isiyokaliwa, ni ardhi ya umma, na ihesabiwe kuwa hivyo tangu 8 Machi 1964. Iko chini ya Rais kwa matumizi na faida ya pamoja ya watu wa Zanzibar. Mtu ana haki ya kuitumia, anaweza kuirithi na kupewa, lakini ile ardhi yenyewe kama ardhi, ukiondoa mti na nyumba, ni ya umma. Tena angalia mwaka. 1992 ndiyo miaka ile hoteli zilipoanza kupanga mstari pwani ya mashariki. Mwani ulikuwa umeanza kulimwa upande wetu mwaka 1989, na kina bibi walikuwa ndiyo kwanza wanashika hela zao wenyewe. Mchanga uliokuwa wa kufukia makumbi na kuanikia mwani ukawa una bei kwa dola, na kwa sheria mchanga wenyewe si wa anayeanika. Mtu akihamishwa, hesabu aliyoizoea ni ya minazi: huu unazaa, huu mkongwe, huu mchanga. Ardhi haikuhesabiwa kwa sababu hakuwa nayo.

Nilimpelekea ami haya yote nikidhani nimemmaliza. Bwana wee! Alikuwa keshapata buku jingine. Akaniambia kwamba katika zile sheria za India Serikali nayo ina ukomo wake, isipokuwa imejipa muda mrefu, miaka 60. Na ni kweli, sheria ya 1908 iliipa Serikali miaka 60, ingawa Wahindi wenyewe waliipunguza ikawa 30 mwaka 1963. Ami akahesabu kwa vidole. Kutoka 8 Machi 1964 kwenda mbele miaka 60, ni 8 Machi 2024.

"Siku hiyo ikifika," akasema, "Serikali imechelewa. Sisi ndio wenyewe."

Siku hiyo ilikuwa Ijumaa, siku chache kabla ya Ramadhani. Nilikwenda Bwejuu makusudi. Nakiri nilitazama bahari asubuhi kana kwamba kuna kitu kitatokea. Maji yalikupwa, yakajaa. Ami alivaa kanzu mpya.

Hesabu yake nzuri lakini haisimami, na imenichukua muda kujua kwa nini. Kwanza, nchi za jirani zimeshaufunga mlango huo. Kenya, sheria yao ya ukomo ina miaka 12 kwa ardhi ya mtu binafsi, lakini kifungu cha 41 kinasema wazi kwamba huwezi kupata umiliki wa ardhi ya Serikali kwa njia hiyo. Tanzania Bara, Sheria ya Ukomo ya 1971 inaipa Serikali miaka 60 kwa madai yake, halafu inaitoa kabisa Serikali inapodai kurudishiwa ardhi ya umma. Kwa madai hayo haina ukomo. Kweli sheria hiyo haivuki bahari, ardhi si jambo la Muungano, lakini inakuonesha upepo unavuma wapi. Pili, hata ukishinda unashinda nini? Kwetu hakuna umiliki wa ardhi wa kushinda, kuna haki ya kutumia tu. Utapewa kile ambacho bibi anacho tayari.

Na la tatu ndilo lililonikosesha usingizi. Ili saa ya ukomo ianze kwenda, lazima bibi asimame mbele ya hakimu aseme: niliingia katika ardhi isiyokuwa yangu, bila ya ruhusa ya mwenyewe, nikakaa kwa kumpinga. Yaani ajitangaze mvamizi wa kiambo alichozikiwa kitovu chake. Akisema "hapa ni petu tangu asili," ameshaharibu kesi, kwa sababu anayekaa kwa haki hapati kitu kwa sheria ya wasiokuwa na haki. Na akisema "Serikali ilituacha tukae," ameharibu zaidi, hiyo ni ruhusa. Sheria hii ilitungwa kwa ajili ya mtu aliyekuja kutoka nje akakuta lango wazi. Bibi ndiye aliyekuwapo, waliokuja ni wale wengine, tangazo, amri na bikoni.

Mimi naona ami anamdhalilisha mama yake bila ya kujua. Nilimwambia, kwa adabu, na hakunisemesha siku mbili.

Njia iliyopo kweli haina utamu wa miaka 12. Ni ile ya Sheria ya Utambuzi wa Ardhi, ambapo maofisa wanakwenda mahali, wanasikiliza nani anatumia nini, wazee wanatoa ushahidi, mipaka inaandikwa. Hapo bibi haji kama mvamizi. Anakuja kusema: ukuta ule wa mawe aliujenga babu, mnazi ule alinipandia mama siku niliyozaliwa. Maneno ya kawaida ya barazani yanakuwa ushahidi. Tatizo ni kwamba lazima wenye maneno hayo wawe hai, na wazee wa rika la bibi pale mtaani wamebaki wanne.

Kwa hiyo nimeanza kuwaandika. Riwaya ingoje. Nakwenda Bwejuu kila nikipata nauli, nakaa na daftari, nauliza shamba la nani, lililala mwaka gani, nani alikuwa mtu wa kwanza kufyeka. Wanabishana sana. Juzi wawili walitaka kupigana fimbo kwa ajili ya mwembe ulioanguka kabla ya Mapinduzi.

Bikoni bado ipo. Haijaja barua, hajaja mtu. Mara ya mwisho nilipofika, nilimkuta bibi amefunga kamba kutoka mnazi wa nne mpaka kwenye bikoni, na kutoka bikoni mpaka mnazi wa tano, ametundika vifungu vya mwani vinachuruzika maji. Nikamwambia, "Shikamoo bibi. Hiyo ni mali ya Serikali."

"Marahaba mjukuu wangu. Nimeazima tu. Nishikie huu upande wa huku."